Ganda au Kuganda? Siku Moja kwenye Chemchemi za Maji Moto za Yellowstone

Utangulizi

Kila baada ya muda idara yetu huagana na mhitimu anayekwenda ng'ambo kusaidia kufundisha Kiswahili. Kabla ya kuondoka hupita ofisini kuaga, na swali huwa lile lile: "Mwalimu, hiyo baridi yao ikoje?" Mimi nami hujibu kwa kifupi kwamba ni kali, avae vizuri, na tunaagana. Jibu hilo halitoshi. Makala haya yanajaribu kulijibu swali hilo kwa kueleza safari moja ya siku moja niliyoifanya Januari 2013, nilipokuwa msaidizi wa kufundisha Kiswahili katika chuo kimoja cha magharibi ya Marekani. Tulikwenda kuziona chemchemi za maji moto za Yellowstone wakati nchi yote imefunikwa na theluji.

Malengo ya makala ni mawili. Kwanza, kueleza jinsi safari ya aina hii inavyokwenda na jinsi maji yale yanavyopata moto katikati ya baridi. Pili, kusimulia kosa la ukalimani nililolifanya mimi mwenyewe huko, kosa ambalo nusura limgharimu mwanafunzi wangu mguu, kama si maisha. Kosa hilo lilitokana na neno moja la Kiswahili ambalo sisi sote hulifundisha bila kulifikiria.

Yellowstone ni mahali gani?

Yellowstone ni hifadhi ya taifa. Sehemu yake kubwa imo katika jimbo la Wyoming, na pembe zake zinaingia Montana na Idaho. Ilitangazwa tarehe 1 Machi 1872, na kwa kawaida huhesabiwa kuwa hifadhi ya taifa ya kwanza duniani. Ukubwa wake ni kama kilomita za mraba 8,980, yaani zaidi ya mara mbili ya Hifadhi ya Murchison Falls hapa Uganda. Sehemu tuliyoitembelea iko kama mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, juu kuliko mji wa Kabale. Kwa sababu ya mwinuko huo, maji huchemka huko yakifika nyuzi 93 tu za Selsiasi.

Ndani ya hifadhi mna zaidi ya mahali 10,000 ambapo joto la chini ya ardhi hujitokeza juu. Pana chemchemi za maji moto zilizotulia, pana matope yatokotayo kama uji, pana matundu yatoayo mvuke mtupu, na pana zile chemchemi zinazorusha maji hewani kwa vipindi. Hizi za mwisho ni kama 500, zaidi ya nusu ya zote zilizopo duniani.

Hapa mwalimu wa lugha hukwama. Jina la chemchemi hizi za kurusha maji katika Kiingereza, tukilitohoa kwa matamshi ya Uingereza, tunapata "giza", neno ambalo tayari lina kazi yake. Tukifuata matamshi ya Kimarekani tunapata "gaiza", ambalo halimwambii msomaji kitu. Katika makala haya nitatumia "chemchemi ifokayo", kwa kuwa kufoka ni kile kitendo cha chungu kuchemka mpaka maji yakatoka nje kwa nguvu. Mama yeyote aliyewahi kuacha maziwa jikoni anakijua.

Maji hupata wapi moto?

Chini ya Yellowstone, kwa kina cha kilomita chache tu, pamelala mwamba wenye joto kali sana, ambao sehemu yake imeyeyuka. Volkano ya hapo ililipuka kwa kishindo kikubwa mara ya mwisho miaka 631,000 hivi iliyopita, na ardhi ikabonyea na kuacha bonde pana lenye urefu wa kilomita 70 hivi. Mvua na theluji iliyoyeyuka hupenya katika nyufa, hushuka chini sana, na huko hupashwa moto. Kwa kuwa maji hayo yamekandamizwa na uzito wa maji yaliyo juu yake, huweza kupita kiwango cha kuchemka bila kuchemka. Kisha huanza kupanda.

Mkondo wa kupandia ukiwa wazi, tunapata chemchemi iliyotulia, yenye kufuka mvuke. Mkondo ukiwa na mahali pembamba, maji hujibana hapo kama watu wanaogombea mlango mmoja. Yale ya juu yakimwagika kidogo, mkandamizo hupungua ghafla, maji ya chini yanageuka mvuke kwa mara moja, na yote hurushwa juu. Baadaye mkondo hujaa tena, na mzunguko unaanza upya. Ndiyo maana chemchemi mashuhuri kuliko zote huko, iitwayo Old Faithful, hufoka kila baada ya dakika 90 hivi. Maji yake hufika kati ya mita 32 na 56 kwenda juu, na watumishi wa hifadhi hubandika saa inayotarajiwa ili wageni wajue wakati wa kusogea.

Kujiandaa

Wakati wa baridi barabara nyingi za hifadhi hufungwa kwa magari ya kawaida. Barabara moja tu ya kaskazini, kati ya Gardiner na Cooke City, ndiyo huwa wazi kwa magari mwaka mzima. Kuanzia katikati ya Desemba hadi Machi, mgeni anayetaka kufika Old Faithful kwa kawaida hukata tiketi ya gari maalumu la theluji linaloendeshwa na mwongozaji mwenye kibali. Gari letu lilikuwa basi dogo lililovuliwa magurudumu na kuvishwa minyororo kama ya kifaru cha jeshi. Siku hizi mengi yametiwa matairi mapana sana yenye upepo kidogo, yanayoelea juu ya theluji badala ya kuzama.

Kuhusu mavazi, kanuni ni tabaka tatu. Tabaka la ndani linalogusa mwili lisiwe la pamba. Hili liliniudhi, maana nilikuwa nimebeba fulana zangu nzuri za pamba kutoka nyumbani. Sababu ni kwamba pamba hushika jasho, na jasho likipoa juu ya ngozi humwibia mtu joto lake. Tabaka la pili ni la sufu au kitambaa kizito kinachoshika hewa. La tatu ni koti la kuzuia upepo. Ongeza kofia inayofunika masikio, glavu, soksi za sufu na buti zisizobana, kwa sababu kiatu kinachobana huzuia damu kufika vidoleni. Aidha, kamera iwekwe ndani ya koti, kwani betri huzimika upesi kwenye baridi.

Asubuhi ile kipimajoto kilisoma nyuzi 24 chini ya sifuri. Mwongozaji wetu aliona hiyo si baridi ya kutajwa. Kweli, karibu na hapo, Februari 1933, ilipata kupimwa baridi ya nyuzi 54 chini ya sifuri. Mimi nilivuta pumzi ya kwanza nje ya mlango nikahisi vinyweleo vya puani vinagandamana. Wanafunzi wangu walikuwa wamejifunza kutoka kamusi kwamba majira haya huitwa "kipupwe". Niliwaambia palepale kwamba kipupwe cha pwani, kile cha Juni hadi Agosti, ni ubaridi wa kumfanya mtu ajifunike shuka. Tangu siku hiyo tulisema "majira ya theluji".

Njiani

Tulianzia mji mdogo wa West Yellowstone, mlangoni pa hifadhi upande wa magharibi. Tulikuwa wanafunzi sita wa mwaka wa pili wa Kiswahili pamoja nami. Tulikuwa na sharti moja: ndani ya gari ni Kiswahili tu. Mwongozaji, ambaye ndiye aliyekuwa dereva, angeeleza kwa Kiingereza, nami ningefasiri. Wanafunzi walifurahia mchezo huo, na mimi niliuona kuwa zoezi zuri la kusikiliza.

Kutoka hapo hadi Old Faithful ni kilomita 48, lakini mwendo ni wa pole na vituo ni vingi. Barabara hufuata mto Madison, ambao kwa sababu ya maji moto yanayouingia hauwi barafu kabisa. Tuliona mabata-maji weupe wakubwa wakielea humo. Kando ya mto walisimama baisani, wale nyati wenye manyoya wa Marekani, migongo yao imefunikwa theluji. Baisani hula kwa kutikisa kichwa kulia na kushoto kama mtu anayefagia, mpaka theluji ifunguke na nyasi zionekane. Mwongozaji alituonya tusiwakaribie kwa chini ya mita 23. Tulielezwa kuwa mnyama anayeishi kwa akiba ya mafuta yake hadi majira ya kuchipua hana nguvu za kupoteza, na kila anapokimbizwa na watalii anapunguziwa siku za kuishi.

Karibu na chemchemi, miti ilikuwa meupe kwa namna nyingine. Mvuke unaotoka chemchemini hugandia kwenye majani na matawi, tabaka juu ya tabaka, mpaka msonobari unaonekana kama umepakwa chokaa. Hapa tulitumia neno "sakitu", tukalitenga na "theluji" inayoanguka kutoka mawinguni na "barafu" ambayo ni maji magumu. Niliwaeleza pia kwamba theluji tumeipata kwa Waarabu, na barafu asili yake ni neno la Kiajemi ambalo kwao humaanisha theluji yenyewe. Maneno nayo husafiri na kubadilisha kazi.

Kosa lenyewe

Kituo chetu cha tatu kilikuwa Fountain Paint Pot, mahali penye matope yatokotayo. Wageni hupita juu ya njia ya mbao iliyoinuliwa kutoka ardhini. Kabla ya kushuka, mwongozaji alitoa onyo ambalo hulitoa kila siku. Alisema kwamba ardhi ya pale ni tabaka jembamba gumu, na chini yake pana maji yanayochemka. Asiyebaki kwenye mbao anaweza kutumbukia. Alisema zaidi ya watu 20 wamekufa kwa kuungua katika chemchemi za hifadhi ile tangu zamani.

Nilifasiri. Kwa tabaka hilo nilitumia neno ninalolikuta katika vitabu vya jiografia, nikasema: "Hapa ardhi ni ganda tu. Msitoke kwenye mbao." Wakaitikia, "Ndiyo, Mwalimu," tukashuka.

Sasa, msomaji, fikiri jinsi mahali hapo panavyoonekana. Kila upande theluji inafika magotini. Mbao zenyewe zina barafu, kwa kuwa mvuke huangukia juu yake na kuganda, na mtu hutembea kwa kuteleza. Lakini hatua mbili kutoka kwenye mbao pana uwanja mkavu, usio na theluji hata punje, rangi ya udongo, umetulia kama ua lililofagiwa. Macho yanasema kuwa hapo ndipo pa kukanyaga. Kumbe hapana theluji kwa sababu ardhi ina moto wa kuiyeyusha. Katika majira yale, pale panapoonekana salama kuliko pote ndipo penye hatari kuliko pote.

Mwanafunzi mmoja, kijana mwangalifu asiyekuwa na tabia ya ukaidi, alitaka kumpisha mwenzake apige picha. Akateremsha mguu mmoja kwenye ule uwanja mkavu. Mwongozaji alipiga ukelele wa neno moja tu, na kwa bahati njema kijana akasimama hapo hapo, mguu mmoja juu ya mbao na mwingine chini. Akavutwa kwa mkono wa koti. Alipoinua mguu tuliona alama ya kiatu imezama kiasi cha kina cha kidole, na kutoka kwenye alama ile ukatoka mvuke mwembamba.

Hakuna aliyesema neno kwa muda. Mwongozaji hakunigombeza. Aliniuliza kwa upole nilikuwa nimewaambia nini. Nikamgeukia kijana, nikamwuliza alisikia nini. Akajibu kwa Kiswahili chake safi: "Mwalimu, ulisema hapa ardhi imeganda tu. Nikajua ni ngumu kama barafu."

Ardhi ni ganda tu. Ardhi imeganda tu. Asubuhi nzima tulikuwa tumelitumia lile neno la pili: maji yameganda, mvuke umeganda, vidole vimeganda. Sikio lake lilichukua neno lililolizoea. Wahenga walisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu, lakini kijana huyu alisikia na akatii. Aliyekosea ni mkuu.

Tulipokuwa tumesimama hivyo, msichana mmoja aliyewahi kuishi miezi miwili na familia moja ya Mbale alisema: "Mwalimu, si kama uji? Juu kuna utando umepoa, chini bado moto?" Kila mmoja wetu aliyelelewa huku anaujua utando wa uji, na wengi tuliujua kwa kuunguza ulimi. Nikarudia onyo upya: "Hapa ardhi ni utando juu ya uji wa moto. Ukikanyaga, unatumbukia. Miguu yote miwili ibaki kwenye mbao." Kisha nikamtaka kila mmoja anirudishie maneno hayo kwa njia yake. Siku hiyo hakuna aliyetoka tena kwenye mbao.

Mengine tuliyoyaona

Tulipita Midway, penye chemchemi iitwayo Grand Prismatic, kubwa kuliko zote za Marekani, yenye upana wa mita 110 hivi. Picha zake za kiangazi huonyesha samawati katikati, kisha kijani, manjano na rangi ya machungwa ukingoni. Rangi hizo za ukingoni hutokana na vijidudu visivyoonekana kwa macho, kila jamii ikiishi kwenye joto linaloiridhisha. Sisi hatukuona rangi. Baridi ilifanya mvuke uwe mzito kiasi kwamba tuliona ukuta mweupe tu. Anayekwenda majira ya theluji alijue hilo mapema asije akalalamika.

Hata hivyo vijidudu hivyo vina habari inayotuhusu sana. Mwaka 1966 mwanasayansi Thomas Brock alichukua kutoka chemchemi mojawapo ya hifadhi hii bakteria anayeishi katika maji moto. Kimeng'enya cha bakteria huyo hakiharibiki kwa joto, na baadaye ndicho kilichofanya njia ya kunakili vinasaba maabara iwe nyepesi. Njia hiyo ilimpatia Kary Mullis Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka 1993. Mwaka 2020 madereva wetu wa malori walipongoja majibu ya vipimo vya korona Malaba na Elegu, walikuwa wakingoja majibu ya njia hiyo hiyo.

Old Faithful ilifoka tukiwa pale. Maji yalipanda, na sehemu yake ikawa wingu na kupeperuka kabla ya kushuka. Tulirudi jioni, tumechoka.

Kuna swali moja huulizwa daima: je, mtu anaweza kuoga? Katika chemchemi zenyewe ni marufuku kisheria. Mwaka 2016 kijana mmoja wa miaka 23 alitoka kwenye njia katika bonde la Norris akitafuta mahali pa kuoga, akateleza, akafa. Mwili wake haukupatikana. Zamani palikuwa na mahali paitwapo Boiling River, ambapo maji moto yalichanganyikana na mto na watu wakaruhusiwa kuingia, lakini mafuriko ya Juni 2022 yalipabadilisha na pakafungwa. Aidha, tarehe 23 Julai 2024 maji ya chini ya ardhi yalilipuka huko Biscuit Basin, yakarusha mawe na matope, na wageni wakakimbia. Hakuna aliyeumia, lakini ilidhihirika kwamba utando ule si imara hata pale ulipoonekana imara kwa miaka.

Kwetu pia yapo

Tusidhani maji moto ni mambo ya ng'ambo. Hapa Uganda tunayo Sempaya katika Hifadhi ya Semuliki, yenye chemchemi mbili zinazoitwa ya kiume na ya kike, ambapo wageni huchemsha mayai na ndizi. Tunayo pia Kitagata, ambako watu huenda kuoga na kutafuta nafuu ya maumivu. Rwanda ina Amashyuza ya Bugarama, Burundi ina Mugara karibu na Rumonge, na Kenya ina zile za kando ya Ziwa Bogoria. Nyingi ya hizi ni zao la Bonde la Ufa: ardhi inavutwa na kupasuka, maji hushuka katika nyufa na kurudi yakiwa moto. Hata Sempaya sheria ni ile ile: fuata mwongozaji, kanyaga anapokanyaga.

Mapendekezo kwa walimu

Kutokana na safari hiyo nina mapendekezo manne. Kwanza, onyo lifasiriwe kwa kitendo kabla ya istilahi. "Usikanyage, utatumbukia" hutangulia. Jina la tabaka la ardhi linaweza kungoja. Pili, mfasiri asitosheke na "ndiyo". Amtake msikilizaji arudishe ujumbe kwa maneno yake mwenyewe. Tatu, tufundishe kwa pamoja maneno yanayofanana kwa sauti: ganda la ndizi, gamba la samaki, maji kuganda, damu kuganda, kugandamana, na mtu kuganda kwa hofu. Mwanafunzi ayaone yote siku moja, ayatofautishe. Nne, tukitafuta mfano wa jambo geni, tuanzie jikoni mwetu. Ukoko, utando, kufoka na kutokota vilinisaidia kueleza Yellowstone kuliko kamusi niliyoibeba.

Hitimisho

Kwa mhitimu anayejiandaa kuondoka, jibu langu sasa ni refu kidogo kuliko zamani. Vaa tabaka tatu, fulana za pamba ziache nyumbani. Ukifika mahali penye maji moto na theluji, usiamini uwanja mkavu. Na ukipewa kazi ya kufasiri onyo, kumbuka kwamba kuna mguu wa mtu mwishoni mwa sentensi yako.

Idara inakusudia kuwapeleka wanafunzi Sempaya, na kabla ya siku hiyo ningependa tuwe na orodha ya msamiati iliyo sahihi. Msomaji mwenye neno bora kuliko "chemchemi ifokayo", liwe la Kiswahili au la lugha ya kwao, aniletee ofisini.